Mji wa Troy: Dhahabu na Vigae

Wayunani, yaani watu wa kale wa nchi iitwayo leo Ugiriki, walikuwa na masimulizi mengi ya mashujaa wao, wala hapana yaliyopendwa kupita habari za vita vya Troy. Walisimulia kwamba Paris, mwana wa Priam mfalme wa Troy, alimchukua Helen, mke wa mfalme Menelaus. Kwa ajili hiyo Wayunani walivuka bahari kwa merikebu nyingi, jemadari wao akiwa Agamemnon, nduguye Menelaus, wakauzingira mji ule miaka kumi. Mwisho waliutwaa kwa hila. Waliunda farasi mkubwa wa mti, mashujaa wakajificha tumboni mwake, na watu wa Troy wakamkokota wenyewe hata ndani ya boma. Usiku mashujaa wakatoka, wakafungua malango, na mji ukateketezwa.

Habari hizi ziliimbwa na watunga mashairi, na mkuu wao ndiye Homer. Wachoraji nao walizichora juu ya mitungi. Mtungi mmoja, kazi ya Exekias, aliyeishi yapata miaka 530 kabla ya Kristo, unawaonyesha Achilles na Ajax wameinama wakicheza kete, na mikuki yao ingali mikononi.

Lakini Troy yenyewe ilikuwa wapi? Katika nchi ya Uturuki, karibu na mlango wa bahari wa Dardanelles, kiko kilima kiitwacho Hisarlik, maana yake mahali pa ngome. Mwingereza mmoja, Frank Calvert, aliyekaa upande ule na kumiliki sehemu ya kilima, alisadiki kwamba mji umezikwa humo. Mwaka 1868 alimweleza hayo Heinrich Schliemann, Mjerumani aliyekuwa amepata mali nyingi kwa biashara katika Urusi. Schliemann alikuwa na fedha na bidii. Subira hakuwa nayo.

Yafaa kujua jinsi kilima cha namna hii kinavyopatikana. Watu hujenga nyumba za matofali ya udongo. Nyumba zikibomoka au kuungua, wajao baadaye husawazisha kifusi, wakajenga juu yake. Hivyo mji hupanda juu ya mji. Katika Hisarlik wataalamu wamehesabu miji tisa, wa zamani kuliko yote ukiwa chini kabisa.

Schliemann alidhani mji wa Priam lazima uwe karibu na chini. Basi tangu mwaka 1871 hata 1873 aliwaweka vibarua zaidi ya mia wachimbe handaki kubwa katikati ya kilima, na kuta alizozikuta njiani akazibomoa. Katika mwaka 1873 aliona dhahabu: vilemba vya mikufu, vipuli, vikombe, na shanga ndogo kwa maelfu. Akatangaza kwamba ni hazina ya Priam, akaitorosha kwa siri, hata serikali ya Uturuki ikamshtaki, naye akalipa fedha. Alisimulia tena kwamba mkewe, Sophia, aliificha katika shali yake. Kumbe wakati ule Sophia alikuwa Athens, na Schliemann mwenyewe alikiri hivyo baadaye.

Mwaka uo huo Calvert aliandika gazetini kwamba hesabu ya matabaka ina pengo. Vitu vya chini ni vya kale mno, vya juu ni vipya mno, na miaka ya vita vya Troy haionekani katikati. Schliemann alikasirika sana. Lakini Calvert alisema kweli. Dhahabu ile ilikuwa ya tabaka la pili, nalo limetangulia zamani za vita hivyo kwa miaka elfu na zaidi.

Jawabu lilitoka katika vyombo vilivyovunjika. Mwaka 1876 Schliemann alichimba Mycenae, mji wa Agamemnon katika masimulizi, akapata makaburi yenye vinyago vya dhahabu vya kufunika nyuso za maiti. Humo palikuwa pia na vyungu vya ufinyanzi wa namna ya pekee. Mwaka 1890, aliporudi Hisarlik pamoja na Wilhelm Dörpfeld, vigae vya ufinyanzi wa Mycenae vilionekana katika tabaka la sita. Basi huo ndio mji uliokuwako zamani za Mycenae, na handaki lake lilikuwa limepita katikati yake! Kwa haki lazima isemwe kwamba Wayunani na Warumi waliojenga hekalu la Athena juu ya kilima walikuwa wamekwisha kukata sehemu kubwa ya mji huo kabla yake. Schliemann alifariki mwezi wa Desemba mwaka ule.

Wachimbaji wa baadaye waliona kwamba mji uliofuata, wa mwanzo wa tabaka la saba, uliteketea kwa moto yapata miaka 1180 kabla ya Kristo. Kama Wayunani ndio waliouwasha, au kama palikuwa na Helen, udongo hausemi.

Dhahabu ilipelekwa Berlin, ikatoweka mwaka 1945 vita vilipokwisha, na baadaye ikajulikana kuwa iko Moscow, inakowekwa hata sasa. Handaki nalo lingaliko Hisarlik, na wageni husimama ukingoni mwake wakitazama kuta za miji ya chini.