Kufundisha Habari za Polima kwa Ndizi na Kamba za Mgomba

Utangulizi

Mwanachuo anayekwenda kufanya mazoezi ya kufundisha vijijini aghalabu hulalamika kwamba shule aliyopangiwa haina maabara. Malalamiko hayo yana ukweli, lakini si ukweli wote. Katika Maruku, na katika vijiji vingi vya Bukoba na Muleba, shule imezungukwa na migomba. Kituo cha utafiti wa kilimo cha Maruku, ambacho leo ni sehemu ya Taasisi ya Utafiti wa Kilimo Tanzania, kimelishughulikia zao hilo kwa miaka mingi. Mmea huo mmoja unampa mwalimu polima mbili, wanga na selulosi, bila gharama yoyote.

Hata hivyo, kuwa na vifaa si kuwa na somo. Siku moja nilifundisha darasa la sita habari za jeli. Nilipika wanga wa ndizi, ukaganda vizuri, nami kwa furaha nikaongeza kwamba hospitalini nako jeli hutumika kufunika vidonda. Mtoto mmoja akanyosha mkono akauliza: "Mwalimu, naweza kuchukua hii nikampake mdogo wangu aliyeungua?" Swali lake lilikuwa sahihi kabisa; kosa lilikuwa langu. Nilikuwa nimemwonyesha kitu kimoja na kutaja kingine, bila kumweleza kilichopo kati yake. Makala haya yanakusudia kumsaidia mwanachuo asirudie kosa hilo.

Maarifa anayopaswa kuwa nayo mwalimu

Polima ni molekuli ndefu iliyoundwa na vipande vidogo vingi vinavyofanana, vilivyoungwa mfululizo kama shanga katika uzi. Mwanafunzi asikaririshwe kwamba polima ni plastiki. Plastiki ni polima, lakini pamba, sufu, mpira na wanga ni polima vilevile.

Wanga wa ndizi umeundwa kwa vipande vya glukosi. Nyuzi za mgomba kwa sehemu kubwa ni selulosi, nayo pia imeundwa kwa vipande vya glukosi. Basi kwa nini ndizi huliwa, ilhali kamba ya mgomba hufungia mizigo? Tofauti imo katika namna vipande vilivyoungwa. Katika wanga minyororo hujisokota, na mingine ina matawi. Maji ya moto huipenya na kuivimbisha. Katika selulosi minyororo hunyooka, ikalala sambamba na kushikana kwa nguvu, hata maji hayawezi kuitenganisha. Kipande ni kile kile. Muungano ndio uliobadilika, na tabia ikabadilika pamoja nao.

Hapa ndipo kazi ya mkemia inapoanzia. Polima ikiwa mkononi mwake, anaweza kuibadili kwa njia kuu tatu:

(a) Kukata: minyororo mirefu huvunjwa kuwa mifupi.
(b) Kupachika: vikundi vipya vya atomu huunganishwa kwenye mnyororo, ili upende maji zaidi au uyakatae.
(c) Kufunga: minyororo huunganishwa kwa vifungo vya kukingama, ikawa wavu mmoja.

Wavu wa minyororo inayopenda maji huvimba uwekwapo majini lakini hauyeyuki. Kitu cha namna hiyo huitwa haidrojeli.

Vifaa na maandalizi

Mwalimu atayarishe ndizi mbichi za kupika, kinu, kitambaa safi, sufuria mbili zinazolingana, vikombe, kijiko, malimau, saa, kamba nyembamba za mgomba, nepi moja ya watoto ya kutumika mara moja, na chumvi.

Siku moja kabla ya somo, ndizi zimenywe, zitwangwe, zichanganywe na maji mengi na kuchujwa kwa kitambaa. Maji meupe yatakayopatikana yaachwe yatulie. Wanga utazama chini. Maji ya juu yamwagwe, na wanga uanikwe ukauke.

Hatua za somo

Hatua ya kwanza: kukata. Katika sufuria ya kwanza mwalimu aweke vijiko viwili vikubwa vya wanga na kikombe kimoja cha maji. Katika sufuria ya pili aweke wanga kiasi kile kile, lakini vijiko viwili vya maji yale vibadilishwe kwa vijiko viwili vya maji ya limau. Zote mbili zichemshwe kwa dakika 15, huku zikikorogwa. Maji yaliyopotea kwa mvuke yarudishwe, ili ujazo ubaki sawa. Kisha uji umiminwe katika vikombe na kuachwa upoe.

Kabla ya kuonyesha matokeo, wanafunzi waulizwe wanatazamia nini, na majibu yao yaandikwe ubaoni. Baada ya hapo waviinamishe vikombe wenyewe. Uji wa kwanza utaganda. Wa pili utakuwa mwepesi zaidi. Asidi ya limau, ikisaidiwa na moto, imekata baadhi ya minyororo ya wanga, na minyororo mifupi haishikani vema. Mwalimu asikimbilie kutoa jibu hili. Awaulize kwanza: "Je, tumeongeza maji? Tumepunguza wanga?" Wakiisha kukana yote mawili, wataona wenyewe kwamba limau ndilo lililoleta tofauti.

Hatua ya pili: kufunga. Kila kikundi kipewe kamba kumi za mgomba. Wazilaze mezani bila kuzifunga, kisha wavute moja. Itatoka peke yake. Sasa wazipange tano wima na tano kukingama, wafunge fundo kila zinapokutana, na wavute tena. Wavu mzima utafuata. Watoto wa kando ya Ziwa Viktoria wanaujua wavu tangu utotoni. Mwalimu autumie ujuzi wao. Awaulize: "Tukiongeza mafundo mengi sana, matundu yatakuwaje?" Watajibu kwamba yatakuwa madogo. Ndivyo ilivyo katika haidrojeli: vifungo vichache huacha nafasi kubwa ya maji, lakini jeli huwa laini na dhaifu, vifungo vingi huipa ugumu, lakini hunyonya maji kidogo.

Hatua ya tatu: haidrojeli yenyewe. Mwalimu apasue nepi juu ya karatasi na kukung'uta polepole punjepunje nyeupe zilizomo katika pamba. Hizi ni polima ya akrilati, iliyotengenezwa kiwandani na kufungwa iwe wavu. Punje za nusu kijiko ziwekwe kikombeni na kuongezewa maji kidogo kidogo. Zitavimba na kuyashika maji, hata kikombe kikiinamishwa yasimwagike upesi. Kisha anyunyize kijiko cha chumvi na kukoroga. Maji yatatoka tena, kwa sababu chumvi hupunguza nguvu inayoyavuta maji kuingia katika wavu.

Punje hizo zisiguse macho, zisivutwe puani wala kuliwa. Somo likiisha zifukiwe mbali na mifugo.

Kutoka darasani hadi hospitalini

Sasa mwanafunzi yu tayari kusikia habari za ulimwengu mpana, na asimuliwe kwa mifano michache.

Katika miaka ya 1970, wanakemia wa maabara ya Wizara ya Kilimo ya Marekani, mjini Peoria, walichukua wanga wa mahindi, wakaupachika minyororo ya akrilonitrili, kisha wakautia alkali. Walipata kitu kinachonyonya maji mamia ya mara ya uzito wake. Selulosi nayo ikitiwa alkali na asidi ya kloroasetiki hupachikwa vikundi vipya. Ile iliyokuwa haiyeyuki majini huanza kuyeyuka, na hutumika katika vifuniko vya vidonda vinavyofyonza majimaji na kukiacha kidonda na unyevu unaofaa. Hapa Afrika Mashariki tunayo katani. Mwaka 2023 watafiti wa Stanford University, wakishirikiana na mwenzao wa Kenya, walichapisha njia ya kuondoa lignini katika nyuzi za katani, ili zifyonze majimaji na kufaa kwa taulo za kike. Binti anayekosa shule kila mwezi kwa kukosa taulo ataelewa mara moja kwamba kemia hii inamhusu.

Mfano wa nne unamhusu mwalimu zaidi. Otto Wichterle wa Chekoslovakia alishiriki katika kubuni haidrojeli laini isiyoliumiza jicho. Mwishoni mwa mwaka 1961, akiwa nyumbani kwake Prague, alitengeneza lenzi laini za macho kwa mashine aliyoiunda kwa vipande vya mchezo wa watoto wa kujengea, ikizungushwa na dainamo ya baiskeli. Anayesema hana vifaa na amkumbuke mtu huyu.

Tahadhari: mfano si dawa

Turudi kwa mtoto aliyeuliza habari za mdogo wake. Jibu ni hapana, na sababu zake ni sehemu ya somo. Jeli ya hospitalini imetengenezwa kwa polima iliyosafishwa, imeuawa vijidudu, na imepimwa kuwa haiudhuru mwili. Uji wetu haukupitia lolote kati ya hayo. Tena wanga ni chakula cha vijidudu. Uji ukiachwa siku mbili huchacha, na watoto wanaweza kulithibitisha hilo kwa kuunusa.

Mwalimu asiishie kukataza. Aeleze la kufanya: aliyeungua amwagiwe maji safi ya baridi yanayotiririka kwa dakika 20, sehemu iliyoungua ifunikwe kwa kitambaa safi, na apelekwe zahanati. Asipakwe unga, mafuta wala dawa ya meno. Maneno haya yaandikwe ubaoni na kunakiliwa madaftarini. Yamkini yatakuwa ndiyo sehemu ya somo itakayofika nyumbani mapema kuliko nyingine zote.

Vilevile mwanachuo asiwape watoto magadi makali wala alkali nyingine eti waone upachikaji kwa macho. Kupachika kuelezwe kwa shanga na uzi tu. Mwalimu mwema hujua lipi litendwe na lipi lisimuliwe.

Maswali ya kujipima

1. Kwa nini sufuria mbili za hatua ya kwanza zilipewa wanga na ujazo sawa?
2. Ndizi na kamba ya mgomba zimeundwa kwa glukosi. Mweleze mwanafunzi tofauti yake bila kutumia neno molekuli.
3. Wavu wa kamba unafanana na haidrojeli kwa jambo gani, na haufanani nayo kwa jambo gani?
4. Andika jibu utakalompa mtoto anayetaka kupeleka nyumbani kitu mlichotengeneza darasani ili kitumiwe kama dawa.