Pointa, sapu na uhai wa CJ

Muhula wa pili nilipata sapu ya C, na lililonimaliza ni swali la pointa. Nikifeli tena nabeba kozi. Wenzangu walishapanda mabasi Nyegezi kwenda kwao, mimi nimebaki geto Malimbe na laptopu ya kuazima. Ndani yake GTA San Andreas toleo 1.0, na Cheat Engine. Badala ya kusoma, nikaanza kutafuta hela za CJ.

Nikaskani kiasi kilichoonekana kwenye skrini, nikamlisha kuku, nikaskani kiasi kipya: matokeo sifuri. Kumbe ni haraka yangu. Namba ya skrini haishuki mara moja, inateremka kidogo kidogo kuifuata hela halisi. Isubiri itulie. Ilipotulia nikapata anwani mbili; nikaandika milioni kwenye moja, ikaanza kurudi chini naiona. Ile ni ya kuonyesha tu. Hela yenyewe imekaa baiti nne nyuma yake.

(Hapo unacheza peke yako. Kwenye gemu za mtandaoni hela huwa iko kwenye seva. Utabadili picha tu, na akaunti ifungiwe.)

Uhai ndio ulionitoa jasho. CJ anaanza na 100. Nikaskani 100 kama namba kamili, zikaja anwani kibao, hakuna hata moja iliyoitika. Gemu inatunza uhai kama floti, yaani namba ya desimali, na 100 ya floti ukiisoma kama namba kamili inakuwa 1120403456. Biti ni zilezile, aina ndiyo tofauti. Nikabadili aina, nikawa naskani thamani iliyopungua kila CJ akipigwa, hadi ikabaki anwani moja.

Umeme ukakatika, na betri ilishakufa zamani. Uliporudi nikawasha gemu: anwani ile ina takataka tupu.

Jirani, kwa malipo ya sato mmoja wa kukaanga, akaja kuangalia. Akacheka.

"Oya, CJ anapangiwa chumba kipya kila ukiwasha gemu. Tafuta anayejua chumba chake."

Anayejua ni 0xB6F5F0. Hiyo haihami, na ndani yake hakuna uhai, kuna anwani ya CJ. Ifuate, songa mbele 0x540, uhai huo hapo.

"Na hiyo," akasema akichambua miiba, "ndiyo pointa iliyokupiga."

Sapu ilikuwa Jumatatu. Swali la pili: eleza kwa mchoro tofauti ya p na *p. Nilimchora CJ.