Gavana na Kura

Kama ungalimwuliza mzee wa Suguti katika mwaka 1930, "Mzee, ni nani mkubwa wa nchi hii?" angalikujibu, "Ni Gavana." Na kama ungalimwuliza tena, "Ni nani aliyemchagua?" angalikutazama kwa mshangao, kwa maana hakuna mtu wa Tanganyika aliyewahi kuulizwa jambo hilo. Gavana wa kwanza wa Kiingereza, Horace Byatt, alitumwa na Serikali ya Uingereza, na wote waliomfuata walitumwa vivyo hivyo. Wajita na Wakwaya wa pwani ya ziwa, na Wazanaki wa Butiama, walisikia tu jina la Gavana mpya, wakaendelea kulipa kodi.

Huko Marekani pia ilikuwa hivyo zamani. Magavana wengi walitumwa na Mfalme wa Uingereza, mpaka watu walipomwasi. Mwaka 1777, vita vikali vikiwa vinaendelea, watu wa New York walimchagua gavana wao wenyewe kwa kura. Wakubwa wengi walidhani kwamba atashinda Philip Schuyler, jemadari tajiri mwenye ardhi nyingi. Kumbe aliyeshinda ni George Clinton, ambaye ukoo wake haukuwa na fahari kama ule wa Schuyler. Clinton alikaa katika kazi hiyo mpaka mwaka 1795. Lakini msifikiri kwamba kila mtu alipiga kura. Sheria ilidai kwamba mpiga kura wa gavana awe mwanamume mwenye ardhi yake ya thamani ya pauni 100. Mkulima aliyelima shamba la mwingine alitazama tu. Na katika nchi ya Virginia gavana alichaguliwa na baraza, si na watu. Huko watu walingoja mpaka mwaka 1851.

Basi turudi kwetu. Uchaguzi wa kwanza wa wajumbe wa Baraza la Kutunga Sheria ulifanyika Tanganyika katika miaka 1958 na 1959, nao ulikuwa na mlango mwembamba kama ule wa New York. Mpiga kura alitakiwa awe na mapato ya pauni 150 kwa mwaka, yaani shilingi 3,000, au awe amesoma hata darasa la nane, au awe ameshika kazi fulani iliyotajwa katika sheria. Fikirini ni wavuvi wangapi wa Suguti waliopata shilingi 3,000 kwa mwaka! Tena kila mtu alilazimishwa kuchagua wajumbe watatu: Mwafrika, Mwasia na Mzungu. Asiyewachagua wote watatu, kura yake iliharibika.

Watu wa TANU walikasirika, na wengi walitaka kuukataa uchaguzi huo. Walipokutana Tabora mwezi wa Januari 1958, Julius Nyerere, mwana wa Mtemi Burito wa Butiama, aliwasihi waingie hivyo hivyo. Wakakubali. Lakini Zuberi Mtemvu hakukubali. Akatoka, akaanzisha chama chake kilichotaka Tanganyika iwe ya Waafrika tu.

Mabwana hawa wawili walikutana tena baadaye. Nchi ilipata uhuru tarehe 9 Desemba 1961, lakini bado palikuwa na Gavana Mkuu aliyesimama mahali pa Malkia wa Uingereza. Ilipokatwa shauri kwamba nchi iwe Jamhuri, ilipasa apatikane Rais. Tarehe 1 Novemba 1962 watu wazima wa Tanganyika, waume kwa wake, waliitwa kumchagua mkuu wa nchi yao kwa mara ya kwanza. Waliosimama ni Nyerere na Mtemvu.

Nyerere alipata kura zaidi ya 1,100,000. Mtemvu alipata kama 21,000 tu. Huenda mtu akacheka akisema kwamba Mtemvu alijisumbua bure. Mimi sicheki. Kama asingalisimama, watu wasingalikuwa na mtu wa pili wa kumpima yule wa kwanza. Na wale 21,000 walipata nafasi ya kusema kwamba hawakubaliani na wenzao, kisha wakarudi nyumbani salama.

Jamhuri ilianza tarehe 9 Desemba 1962, na kazi ya Gavana Mkuu ikakoma. Mwaka 1965 sheria ikaweka chama kimoja. Tangu hapo karatasi ya kura ya Rais ilikuwa na jina la mtu mmoja, na mpiga kura alijibu ndiyo au hapana. Vyama vingi viliruhusiwa tena mwaka 1992, na mwaka 1995 watu wanne waligombea: Benjamin Mkapa, Augustine Mrema, Ibrahim Lipumba na John Cheyo. Mkapa akashinda. Mtoto aliyezaliwa Suguti siku ile ya kura ya 1962 alikuwa amekwisha kuwa mtu wa karibu miaka 33 alipoona kwa mara ya kwanza majina zaidi ya moja katika karatasi ya kumchagua Rais.

Ama Mkuu wa Mkoa wa Mara hapigiwi kura, tofauti na gavana wa New York. Yeye huteuliwa na Rais.