Ujazo wa Kibofu cha Mkojo na Matatizo ya Kukojoa

Katika shule nyingi za bweni hutokea jambo ambalo halizungumzwi hadharani. Alfajiri godoro moja hukutwa limelowa. Mwenyewe huinamisha kichwa, na wenzake humwita kikojozi. Darasani nako yuko mwanafunzi aombaye ruhusa ya kutoka mara ya tatu kabla ya saa nne asubuhi, naye mwalimu humdhania kuwa anakwepa kipindi. Wote wawili huhukumiwa kwa kosa la tabia. Lakini mara nyingi kinachopasa kuchunguzwa si tabia bali ni vipimo: kibofu cha mwanafunzi huyo huchukua mkojo kiasi gani, na figo zake hutengeneza mkojo kiasi gani kwa saa? Madhumuni ya makala haya ni kueleza vipimo hivyo, na kuonyesha jinsi vinavyotusaidia kuyaelewa baadhi ya matatizo ya kukojoa.

1. Kibofu ni chombo cha namna gani?

Kibofu cha mkojo ni mfuko wa misuli uliopo chini ya tumbo, nyuma ya mfupa wa kinena. Hupokea mkojo kutoka katika figo kwa mirija miwili, na kuutoa nje kwa mrija mmoja. Ukuta wake umefanywa kwa misuli laini, yaani misuli isiyo ya hiari. Penye njia ya kutokea ipo misuli ya kubana. Ule wa nje hutii amri yetu, na ndio unaotuwezesha kungoja.

Figo za mtu mzima hutengeneza kwa kawaida lita 1 hadi 2 za mkojo kwa siku. Kibofu chake huchukua kiasi cha ml 400 hadi 600. Hata hivyo hisia ya kwanza ya kutaka kukojoa huja mapema zaidi, mkojo ufikapo kama ml 150 hadi 200. Kwa watoto, madaktari hutumia kanuni nyepesi ya kukadiria:

Ujazo (ml) = (umri kwa miaka + 1) × 30

Kwa hiyo mtoto wa miaka 9 hutazamiwa kuwa na kibofu cha ml 300. Kanuni hii hutumika hadi umri wa miaka 12 hivi. Nayo hutoa makadirio tu. Watoto wawili wenye umri mmoja huweza kutofautiana sana, na wote wakawa wazima.

2. Kwa nini kibofu hujaa bila kutuumiza?

Mtu angedhani kwamba kadiri mkojo unavyoongezeka, ndivyo kanieneo ndani ya kibofu inavyopanda. Haiwi hivyo. Kibofu kizima huweza kupokea ml 300 au zaidi, na kanieneo ikabaki ndogo, chini ya ile ya safu ya maji yenye kimo cha sm 15. Sababu ni tatu.

Kwanza, ukuta wenyewe hunyumbuka, na mikunjo ya utando wake wa ndani hukunjuka taratibu.

Pili, iko sababu ya kifizikia. Katika mfuko wenye umbo la tufe, kanieneo ni mara mbili ya mvutano wa ukuta, ikigawanywa kwa nusu kipenyo. Hii ndiyo kanuni iitwayo ya Laplace. Tuchukue kibofu chenye ml 50. Kama ni tufe, nusu kipenyo chake ni karibu sm 2.3. Kikijaa hadi ml 400, yaani mara nane, nusu kipenyo huwa sm 4.6, mara mbili tu. Basi hata kama mvutano wa ukuta ungeongezeka maradufu, kanieneo isingebadilika. Wanafunzi wanaweza kuihisi kanuni hii wapulizapo baluni: pumzi za mwanzo ni ngumu, zifuatazo ni rahisi zaidi.

Tatu, neva hushiriki. Wakati wa kujaa, misuli ya ukuta huamriwa kulegea na ile ya mlango kubana. Habari za kutanuka kwa ukuta hupanda kwa uti wa mgongo hadi kwenye shina la ubongo, mahali ambapo Barrington alionyesha mwaka 1925, kwa kuchunguza paka, kuwa ndipo pa kuongozea tendo la kukojoa. Juu yake zaidi, ubongo wa mbele huamua kama wakati na mahali vinafaa. Ruhusa ikitolewa, amri hugeuka: ukuta hujikaza, mlango hulegea. Mtoto mchanga bado hana uamuzi huo. Kibofu chake humwaga chenyewe kila kijaapo.

3. Ujazo wa aina mbili

Ni lazima tutofautishe ujazo wa kimaumbile na ujazo wa kikazi. Ule wa kwanza ni kiasi ambacho mfuko wenyewe ungeweza kubeba ukitanuka hadi mwisho wake. Ule wa pili ni kiasi ambacho mtu hukibeba kwa kweli kabla ya kulazimika kukojoa. Mtu anaweza kuwa na mfuko mkubwa, lakini misuli yake ikajikaza ungali robo. Huyu ana ujazo mdogo wa kikazi, ijapokuwa umbile lake halina kasoro.

Madhara ya ujazo mdogo huonekana kwa hesabu. Chukua mtu anayetengeneza ml 1,600 za mkojo kwa siku. Akikojoa ml 320 kila mara, huenda chooni mara 5. Ujazo wake ukipungua hadi ml 160, huenda mara 10. Ukipungua hadi ml 80, huenda mara 20, usiku na mchana, hapati usingizi wala utulivu wa kusoma. Mkojo haukuongezeka hata tone. Kilichopungua ni chombo.

4. Kibofu kinapopungua

Sababu ya kawaida ya kupungua kwa ujazo wa kikazi ni uambukizo wa bakteria. Utando wa ndani huvimba na kuwashwa, na kiasi kidogo cha mkojo huleta hamu kubwa, pamoja na maumivu. Choo kigumu cha muda mrefu nacho huweza kukisonga kibofu na kukivuruga. Hali hizi zikitibiwa, kwa kawaida ujazo hurudi.

Ugonjwa unaopunguza ujazo wa kimaumbile, nao wazijua sana shule zetu, ni kichocho cha mkojo. Mnyoo wake ulielezwa na daktari Mjerumani Theodor Bilharz huko Cairo mwaka 1851. Hapa kwetu ugonjwa huu umejulikana Unguja na Pemba, na katika sehemu za kusini mwa Ziwa Viktoria, ambako konokono wanaoubeba hukaa katika madimbwi na majaruba ya mpunga. Minyoo mikubwa huishi katika vena zinazozunguka kibofu. Mayai yake yenye mwiba hupenya ukuta. Mengine hutoka na mkojo pamoja na damu, mengine hunasa mumo humo. Mwili huyazungushia kovu. Miaka ikipita, ukuta uliokuwa ukinyumbuka huwa mgumu, na pengine chokaa hujijenga ndani yake.

Hapa ndipo fizikia ya sehemu ya pili inapotufaa. Ukuta wenye kovu hautanuki. Mvutano wake hupanda upesi, nayo kanieneo hupanda ungali mkojo ni mdogo. Kanieneo ya kibofu ikidumu juu ya sm 40 za maji, figo huwa hatarini, kwa sababu mkojo hushindwa kushuka vizuri. Makovu huweza pia kuziba mirija itokayo katika figo. Mirija hutanuka, figo hujaa maji, na huweza kuharibika bila mgonjwa kuhisi maumivu makali. Tena kichocho cha muda mrefu huweza kuleta saratani ya kibofu. Dawa ya prazikwanteli huua minyoo, na kwa watoto waliotibiwa mapema madhara mengi ya kibofu hupona. Kovu la miaka mingi halirudi nyuma kwa urahisi. Kwa hiyo ile dhana kwamba damu katika mkojo ni dalili ya mvulana kukua ni dhana ya hatari, na yafaa mwalimu aipinge waziwazi.

5. Kibofu kinapozidi kutanuka

Ujazo mkubwa mno nao si afya. Tezi ya kibofu inapowavimba wazee, au neva zinapoharibiwa na kisukari au ajali ya uti wa mgongo, kibofu hakimwagi chote. Mabaki huongezeka hadi lita moja au zaidi, misuli hulegea, na mkojo huanza kuvuja matone matone. Mgonjwa husema, “Siwezi kuzuia mkojo,” kumbe ukweli ni kinyume: hawezi kuutoa. Dalili ni moja, visababishi ni viwili, na tiba zake hazifanani.

6. Hesabu ya usiku

Turudi kwenye godoro lililolowa. Usiku tezi iliyopo chini ya ubongo hutoa kwa wingi homoni inayoziamuru figo zipunguze mkojo. Tuseme watoto watatu wa miaka 9 wamelala saa tatu usiku hadi saa kumi na mbili asubuhi, yaani saa 9.

Wa kwanza hutengeneza ml 25 kwa saa, na kibofu chake ni cha ml 300. Jumla ni ml 225. Huamka kitanda kikiwa kikavu. Wa pili ana kibofu kama hicho, lakini homoni yake haitoshi, na hutengeneza ml 50 kwa saa. Kibofu kitajaa baada ya saa 6, yaani saa tisa usiku. Wa tatu hutengeneza ml 25 kama wa kwanza, lakini ujazo wake wa usiku ni ml 150 tu. Naye atajaa saa tisa usiku. Kama mmoja wao ana usingizi usiosikia wito wa kibofu, atalowesha kitanda. Akiamka, ataenda chooni na hapana atakayejua.

Mambo haya matatu, yaani mkojo mwingi, ujazo mdogo na usingizi usiovunjika, ndiyo yanayoeleza sehemu kubwa ya tatizo hili. Hakuna hata moja kati yake linalotii kiboko. Tatizo hurithiwa katika familia nyingi, na wengi hupona kadiri wanavyokua. Kumwaibisha mtoto hakuongezi ujazo wa kibofu chake hata mililita moja.

7. Zoezi la kupima

Kila anayependa achukue chombo chenye alama za mililita, na kwa siku mbili aandike, kwa faragha nyumbani, saa na kiasi cha mkojo kila anapokojoa. Kiasi kikubwa kuliko vyote, ukiacha kile cha kwanza cha asubuhi, ni makadirio mema ya ujazo wake wa kikazi. Chombo kioshwe vizuri kwa sabuni na kisitumiwe kwa kazi nyingine. Mwalimu asidai matokeo yasomwe darasani.

8. Wajibu wa shule

Mwanafunzi aruhusiwe kutoka anapohitaji, na anywe maji ya kutosha mchana. Kujinyima maji kwa kuogopa choo kibovu hukaribisha uambukizo. Akojoe kabla ya kulala. Apelekwe hospitali bila kuchelewa mwenye damu katika mkojo, maumivu, homa, au kiu kubwa pamoja na kukonda, na pia yule aliyekuwa mkavu kwa miezi sita au zaidi kisha akaanza tena kulowesha kitanda.

Maswali

1. Kadiria ujazo wa kibofu cha mtoto wa miaka 7. Kama usiku hutengeneza ml 30 kwa saa, kibofu kitajaa baada ya saa ngapi?
2. Eleza kwa kutumia kanuni ya Laplace kwa nini kanieneo ya kibofu kizima hubaki ndogo kinapojaa.
3. Wagonjwa wawili huvuja mkojo: mmoja ana kibofu cha ml 70, mwingine ana mabaki ya lita 1. Kwa nini haifai kuwapa tiba moja?