Diya ya kiungo si hisani ya dereva

SISI watu wa Kojani tumezoea khatari ya bahari kuliko ya barabara. Wavuvi wetu huenda dago, na chombo kikipinduka kila mtu anajua la kufanya. Lakini gari au bodaboda ya huko ng'ambo, njia ya Wete au Chake Chake, inapomwacha mtu na kilema, naona tunababaika. Wazee wa pande mbili hukaa barazani, husemwa "hii ni kadari ya Mwenyezi Mungu", hutolewa fedha ya dawa na gunia la mchele, kisha majeruhi huambiwa asamehe. Wanafunzi wangu wa darsa wameniuliza: hivyo ndivyo dini ilivyoamrisha?

Sivyo. Kuamini kadari ni wajibu, na haki ya mja ni wajibu mwengine. Bukhari amepokea kisa cha sahani iliyovunjwa nyumbani kwa Mtume (s.a.w.), naye akatoa sahani nzima badala yake. Ikiwa sahani inalipwa, itakuwaje mguu?

Diya ya aliyeuawa kwa kukosea imo katika Surat An-Nisaa, aya ya 92. Ama viungo, msingi wake ni barua ya Mtume (s.a.w.) aliyopewa Amr bin Hazm kwenda nayo Yemen. Diya kamili ni ngamia 100. Ulimi, pua, macho mawili, uti wa mgongo: kila kimoja diya kamili. Mguu mmoja ni nusu, yaani ngamia 50. Kidole ni ngamia 10, jino ni 5. Na wanazuoni wa madhehebu yetu ya Shafi wamesema kiungo kilichopooza huhesabiwa kama kilichokatwa. Kwa hiyo mtu ambaye miguu yake miwili imekufa anadai diya nzima, ingawa miguu anayo. Dhara lisilowekewa kiwango hukadiriwa na hakimu, nayo huitwa hukuma.

Msidhani haya ni ya vitabuni tu. Oman, waliko jamaa zetu wengi, amri ya Sultani ya mwaka 2008 iliweka diya kamili kuwa riali 15,000, na viungo vikapimwa humo. Na Baraza la Kimataifa la Fiqhi ya Kiislamu, lilipokutana Brunei mwaka 1993, lilikata kwamba dereva anadhamini madhara anayowapata wengine kwa gari lake. Anavuliwa dhamana kwa jambo lisilozuilika, au kosa likiwa la majeruhi mwenyewe au la mtu mwengine. Kusema "sikukusudia" kunamwondolea dhambi, hakumwondolei deni.

Kusamehe ni jambo tukufu, lakini ni la mwenye haki. Mjomba hasamehe, sheha hasamehe, wala imamu. Na aliyeumia akiwa mtoto wa skuli, hata baba yake mzazi hana ruhusa ya kuisamehe, kwani ile ni mali ya mtoto na yeye ni mlinzi tu. Hili ndilo linalovunjwa zaidi.

Tena tusifanye haraka. Imepokewa na Ahmad na Daraqutni kwamba mtu mmoja alichomwa pembe gotini, akataka haki yake hapo hapo. Mtume (s.a.w.) akamwambia asubiri apone, akakataa, akapewa. Baadae akaja analalamika amekuwa kiguru, na haki ya ule uguru ikawa imekwishampita. Leo tunawaona wanaotia dole gumba kwenye karatasi ya maelewano, na plasta bado iko mguuni!

Mahakama ya Kadhi Zanzibar inahukumu ndoa, talaka, matunzo na mirathi. Ajali si kazi yake. Madai haya huenda mahakama za kawaida, nazo huhesabu matibabu, kipato kilichopotea na maumivu, si ngamia. Lakini ndiyo njia iliyopo ya kuifikia haki, na gari inalazimika kuwa na bima ya kumlipa mtu wa nje. Basi chukueni fomu ya polisi ya PF3 siku ile ile, andikeni namba ya gari, na mwombeni daktari aandike kiasi cha ulemavu baada ya kupona. Msichelewe, sheria ina muda wake.

Inabaki bodaboda isiyo na bima, na kijana asiye na kitu. Hapa fiqhi haikumtupa yeyote: diya ya kukosea hulipwa na aqila, yaani jamaa wanaume wa upande wa baba. Baraza lile lile, Dubai mwaka 2005, lilisema pasipokuwa na aqila, bima ya kusaidiana ya Kiislamu au jumuiya za watu wa kazi moja zinaweza kusimama mahali pake. Jumuiya za madereva zinaweza hili, na sisi tunaochangishana harusi tunaweza pia. Kwa Shafi mzigo wenyewe ni mwepesi: kwa mwaka, tajiri hutoa nusu dinari, wa kati robo, masikini hadaiwi, na diya ya mguu mmoja humalizwa kwa miaka miwili.