Moyo wa Askari Kabla ya Vita

Ninyi mkaao Pemba mmesikia habari za mchezo wa ng'ombe. Yule kijana amwendeaye fahali na kitambaa mkononi, je, hana hofu? Anayo, walakini amekwisha kumtazama fahali muda mrefu, tena wenzake wako kando, tayari kumsaidia. Askari naye ni vivyo hivyo, ingawa yamkabiliyo ni makubwa zaidi.

Mwaka wa 1905, katika Vita vya Maji Maji huko bara, watu walipewa dawa ya maji iliyotoka kwa Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe, wakaamini ya kuwa risasi za Wadachi zitageuka maji. Imani hiyo iliunganisha makabila mengi, wala si jambo dogo. Lakini tarehe 30 Agosti maelfu waliliendea boma la Mahenge, wakapigwa kwa bombomu, wakafa wengi mno. Moyo walikuwa nao, bombomu hawakuijua.

Mwaka wa 1943 askari wa King's African Rifles, walioitwa na watu Keya, walipelekwa kisiwa cha Ceylon, kiitwacho leo Sri Lanka, wazoezwe vita vya msituni kabla ya kupigana na Wajapani katika nchi ya Burma. Katika mazoezi, askari hurudia kazi ile ile hata mikono iijue yenyewe, kama vile kufungua bunduki gizani na kuiunga tena. Kwani mtu akiingiwa na hofu moyo humwenda mbio, mikono hutetemeka, na akili haipati nafasi ya kufikiri. Lakini mkono uliozoea huendelea na kazi yake. Waingereza wakati ule walikuwa na desturi hata ya kupiga risasi za kweli juu ya vichwa vya wanaojifunza, ili mlio wake usiwe mgeni siku yenyewe.

Usiku wa kungojea ndio mzito. Huyu husali, yule huandika barua kwao, na asiyejua kuandika humwomba mwenzake amwandikie. Mwingine husafisha bunduki iliyokwisha kuwa safi, nami simcheki. Wengi waliorudi vitani wamesema ya kuwa hawakuogopa mauti kama walivyoogopa kuwaacha wenzao peke yao.

Askari wale waliotoka Ceylon walishuka bonde la Kabaw katika mvua kuu na malaria, wakafika Kalewa, penye mto Chindwin, mwezi wa Desemba 1944.