Mto na Kingo Zake

Sisi wa Ikolo twaujua mto. Ukiwa ndani ya kingo zake hunywesha mpunga, nasi twala. Lakini masika ukizivunja kingo, huchukua mpunga na nyumba pamoja. Maji ni yale yale. Kilichopungua ni kingo. Ndivyo ilivyo na amri ya wakubwa.

Tuseme watu wawili wagombania mpaka wa shamba. Mmoja anoa panga, na majirani waogopa damu isije ikamwagika usiku ule. Je, serikali ingoje hata mtu auawe? La, yafaa ashikwe kwanza. Kumshika mtu ili baya lisitendeke ndiko kumweka kizuizini. Lakini fikirini sana: mtu huyu hajatenda kosa bado. Na ikiwa jirani amemsingizia kwa wivu, nani atamwokoa? Mpunga wake waliwa na ndege, na kila jioni wanawe wauliza, "Baba yu wapi?"

Kwa sababu hiyo Katiba ya Tanzania, katika ibara ya 15, yasema ya kuwa kila mtu ana haki ya kuishi huru. Si halali kumkamata wala kumfunga ila kwa utaratibu uliowekwa na sheria, au kwa hukumu ya mahakama.

Zamani kingo hizo hazikuwa imara. Mwaka 1962 Bunge la Tanganyika lilitunga sheria iliyompa Rais uwezo wa kumweka mtu kizuizini pasipo hukumu, na mahakama ilikatazwa kuihoji amri hiyo. Mwaka 1984 haki za binadamu zikatiwa katika Katiba, na mwaka 1985 sheria ile ikarekebishwa, hata aliyefungwa akapata njia ya kuipinga amri mbele ya mahakama.

Sheria ya Tawala za Mikoa, iliyotungwa mwaka 1997, iliwapa Mkuu wa Mkoa na Mkuu wa Wilaya uwezo wa kuamuru mtu akamatwe, akielekea kuvunja amani wala hapana njia nyingine ya kumzuia. Lakini iliweka na kingo. Mkuu sharti aandike sababu zake. Ndani ya saa 48 mtu huyo apelekwe kwa hakimu. Saa hizo zikipita asipelekwe, ana haki ya kuachwa, wala asikamatwe tena kwa sababu ile ile.

Hata Bunge lina mipaka yake. Mwaka 1991 Mahakama ya Rufani iliamua shauri la Daudi Pete, aliyeshtakiwa kwa unyang'anyi. Kifungu kimoja cha sheria kilikataza mshtakiwa wa namna yake asipewe dhamana kabisa. Majaji walikibatilisha kifungu hicho, kwa kuwa kilimnyima mtu uhuru pasipo kuweka utaratibu wa haki wa kufanya hivyo.

Jambo hili si geni. Katika Matendo ya Mitume twasoma ya kuwa liwali Feliki alimwacha Paulo kifungoni miaka miwili, kusudi awapendeze watu. Festo, aliyemfuata, aliona ni upuzi kumpeleka mfungwa kwa Kaisari bila kuyaeleza mashtaka yake. Festo hakuwa Mkristo, lakini neno hilo alilijua.

Basi, mtu wa nyumba yako akikamatwa, usitukane wala usirushe jiwe. Uliza kwa adabu: Ameshikwa kwa sababu gani? Ni nani aliyeamuru, na saa ngapi? Atapelekwa kwa hakimu lini? Na wewe ukiwa mkubwa siku moja, ukapewa amri mkononi, kumbuka kwamba maswali hayo ndiyo kingo zako.

MASWALI
1. Kwa nini mtu aweza kukamatwa kabla hajatenda kosa?
2. Taja mambo mawili yaliyompasa Mkuu wa Wilaya kwa sheria ya mwaka 1997.
3. Feliki na Festo walitofautianaje?